Jirani Amesogeza Mpaka: Nini cha Kupeleka Polisi, Nini cha Kupeleka Baraza

Unaamka asubuhi unakuta michongoma imefyekwa, na pale ilipokuwa kumechimbwa mtaro wa msingi. Mafundi wawili wanachanganya zege. Jirani amekalia ndoo iliyopinduliwa, anawasimamia. Unamsalimu, anaitikia bila kukuangalia. Unamuuliza kulikoni, anakujibu kwamba mpaka ulikuwa hapa tangu enzi za marehemu baba yake. Dakika kumi baadaye uko juu ya bodaboda, safari ya kituo cha polisi.

Kituoni askari wa zamu anakusikiliza kidogo tu, kisha anafunga daftari. "Mama, hiyo ni ya madai. Nenda baraza la kata." Unatoka umenuna, ukiamini jirani ameshapita kabla yako na bahasha.

Inawezekana amepita. Lakini mara nyingi askari yule amesema nusu ya ukweli, na nusu iliyobaki ni kazi yako kuijua. Mgogoro wa mpaka huwa na mambo mawili yaliyofungwa kwenye furushi moja: swali la ardhi (mstari unapita wapi?) na matendo ya watu (nani amekata, amevunja, ametishia, amepiga?). Swali la ardhi polisi hawana mamlaka nalo hata chembe. Matendo ni kazi yao kabisa. Ukiwapelekea furushi zima watakurudisha nalo. Ukilifungua na kuwapa sehemu yao, wataandika.

Mwongozo huu ni wa Tanzania Bara. Zanzibar ina Mahakama ya Ardhi yake na sheria zake, na Kenya nitaigusa mbele kidogo kwa sababu utaratibu wao unatofautiana na wetu mahali muhimu.

Kwa nini polisi hawawezi kukuamulia mpaka

Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi, Sura ya 216, iliyotungwa mwaka 2002, imetaja vyombo vya kushughulikia migogoro ya ardhi: baraza la ardhi la kijiji, baraza la kata, Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufani. Kituo cha polisi hakimo. Ofisi ya mkuu wa wilaya haimo, ya mbunge haimo. Wakubwa hawa wanaweza kuwaita mkae mzungumze, na wakati mwingine busara yao inasaidia, lakini neno lao juu ya mstari si hukumu.

Kuna jambo jingine ambalo wengi hulijua wakiwa wamechelewa. Mahakama Kuu imesema tena na tena, ikiwemo katika maamuzi yaliyochapishwa kwenye ripoti za sheria za mwaka 1991 na 1992, kwamba shitaka la kuingia kwa jinai haliwezi kusimama kama umiliki wa eneo lenyewe bado unagombaniwa. Mahakama ya jinai si mahali pa kuamua nani mwenye ardhi. Kwanza mmiliki ajulikane kwenye kesi ya madai, ndipo aliyeingia aitwe mvamizi.

Hapo ndipo watu huangukia. Mtu anamfungulia jirani kesi ya kuingia kwa jinai katika Mahakama ya Mwanzo, jirani anapigwa faini, mshindi anarudi mtaani akitembea kifua mbele kwamba "mahakama imenipa kiwanja". Haikumpa chochote. Jirani akikata rufaa, hukumu inaweza kufutwa, na mpaka unabaki palepale ulipokuwa, umeongezewa uhasama wa miaka miwili.

Hatua ya kwanza: piga picha kabla hujapiga kelele

Usiguse kitu. Najua inauma kuona fundi wa mwenzio akimwaga zege kwenye mboga zako, lakini uking'oa nguzo zake, ukafukia mtaro wake au ukabomoa tofali lake hata moja, mlalamikaji anageuka kuwa yeye. Kuharibu mali kwa makusudi ni kosa ambalo Kanuni ya Adhabu imelipangia kifungo kinachoweza kufika miaka 7, na kisingizio cha "ni kwangu" kinarudi kulekule kwenye ubishi wa mpaka ambao haujaamuliwa. Nimeona zaidi ya mara moja mtu mwenye haki yake kamili akilala rumande, aliyemvamia yuko nyumbani anakunywa chai, kwa sababu ya sururu ya dakika tano.

Piga picha na video. Zisiwe za karibu tu. Rudi nyuma mpaka uonekane mwembe, kona ya nyumba au nguzo ya umeme, ili anayetazama baadaye ajue ni wapi. Pima kwa futi kamba kutoka kwenye kitu kisichohama na uandike vipimo kwenye daftari pamoja na tarehe na saa. Zihifadhi picha hizo kwenye simu iliyozipiga, hata kama umeshazituma WhatsApp. Tangu mwaka 2015 sheria inatambua ushahidi wa kielektroniki, na watakaokuuliza watataka kujua ulitoka wapi na nani aliutunza.

Kisha mwite mjumbe au mwenyekiti wa serikali ya mtaa (kijijini, mtendaji) aje aone siku hiyohiyo. Hatakata shauri. Unamhitaji awe macho yasiyo yako.

Hatua ya pili: pembua ya jinai na ya madai

Kaa chini uandike yaliyotokea, tendo moja mstari mmoja. Haya ndiyo polisi wanayapokea, kwa majina wanayoyatumia wenyewe: kuharibu mali, kama kufyeka mazao, kukata miti au kubomoa ukuta uliokuwepo, kutishia kwa maneno au kwa silaha, lugha ya matusi yenye kuhatarisha amani, shambulio la kawaida na shambulio la kudhuru mwili, kung'oa au kuharibu alama za mipaka zilizowekwa na serikali.

Hilo la mwisho lisikupite. Bikoni, yaani lile jiwe la zege lenye chuma katikati na namba juu yake, si mali yako wala ya jirani. Ni alama ya upimaji wa serikali, na kuing'oa kwa makusudi ni kosa hata kama aliyeing'oa anaamini ilikosewa. Kama una kiwanja kilichopimwa na bikoni imetoweka, hiyo ni ripoti halali ya polisi hata kama mpaka wenyewe unabishaniwa.

Na haya yasiyo ya polisi: amejenga ndani ya eneo langu, paa lake linamwaga maji kwangu, amepanda migomba upande wangu, ameuza kipande ambacho ni changu, ramani yake imekosewa. Kuuza ardhi ya mtu kwa nyaraka za kughushi ni habari nyingine, hapo jinai inaingia. Lakini mtu aliyeuza akiamini kwa dhati kwamba mpaka wake unafika hapo, huyo ni wa baraza.

Hatua ya tatu: ukifika kaunta

Tofauti ya kuandikiwa na kurudishwa mara nyingi iko kwenye sentensi yako ya kwanza. Sikiliza hizi mbili.

"Afande, jirani yangu ameniingilia kiwanja, ananidhulumu, naomba akamatwe."

"Afande, leo saa 12 asubuhi watu wawili wamekata michongoma yangu niliyoipanda mwaka 2014, na nilipowauliza, mmoja alinyanyua panga akasema nikisogea atanikata. Mjumbe wetu alifika saa 2, ameona. Nina picha."

Ya kwanza ni mgogoro wa ardhi. Ya pili ni uharibifu wa mali na kutishia kwa silaha, na kuna shahidi. Watu ni walewale, asubuhi ni ileile. Hujadanganya wala kuongeza chumvi, na usithubutu kuongeza: kutoa taarifa ya uongo kwa polisi ni kosa linalosimama lenyewe, na askari mzoefu hunusa panga la kutunga kabla hujamaliza kulieleza.

Kama umeumizwa, omba PF3 (fomu ya polisi ya kwenda nayo kutibiwa) uende hospitali siku hiyohiyo. Kama jeraha ni kubwa, tangulia kutibiwa, fomu itafuata. Hakikisha tukio limeandikwa na umepewa namba ya RB, yaani namba ya taarifa yako kwenye kitabu cha kituo. Namba hiyo haiuzwi. Wala PF3 haiuzwi, dhamana ya polisi haiuzwi, na "mafuta ya gari" ya kwenda kumkamata mtuhumiwa si ada inayotambuliwa na sheria yoyote. Ukiombwa, omba kuonana na mkuu wa kituo. Ikishindikana, panda kwa mkuu wa polisi wa wilaya, au piga 113, namba ya bure ya TAKUKURU.

Utaandikishwa maelezo. Omba usomewe, au yasome mwenyewe polepole, kabla ya kusaini. Angalia hasa mahali wapelelezi hupenda kufupisha: ulisema "alinyanyua panga", karatasi inasema "tulikuwa na ugomvi wa kiwanja". Omba irekebishwe hapohapo.

Kata nyingi sasa zina mkaguzi kata wa polisi. Kwa ugomvi ambao haujafika kwenye damu, huyu anaweza kukufaa kuliko kaunta ya kituo. Anawajua watu, anaweza kuwaita wote wawili na kuwaonya kuhusu amani bila mtu kulala ndani. Anachopaswa kusema ni "msipigane mpaka baraza liseme". Akianza kushika futi kamba, amevuka kazi yake.

Kama unaelekea kumwagika damu

Hapo sahau mgawanyo wote huu. Piga 112, au namba ya kituo cha jirani ambayo inafaa uwe nayo kwenye simu kabla ya siku mbaya. Polisi wana wajibu wa kuzuia uvunjifu wa amani hata kama chanzo chake ni ardhi, na askari anayesema "hayo ni ya ardhi" wakati watu wameshika mapanga amekosea. Wakifika, waache watawanye watu. Usitake waamue mstari wakiwa wamesimama juu yake.

Ukiitwa wewe

Wito umekuja, jirani ndiye aliyewahi kituoni. Nenda. Kukimbia wito wa polisi kwa jambo la mpaka ni kujitengenezea kosa ambalo hukuwa nalo. Beba nakala za nyaraka zako, si asilia. Hati yako asilia haina sababu ya kulala kwenye droo ya kituo.

Uliza unatuhumiwa kwa kosa gani. Swali hilo moja hupangua mengi. Kama jibu ni "umeingia eneo la mwenzio", eleza kwa upole kwamba eneo hilo kila mmoja anadai ni lake, kwamba shauri liko au linakwenda baraza, na uonyeshe karatasi ulizonazo. Ukiwa umeshafungua shauri, onyesha nakala yenye muhuri. Karatasi hiyo ina nguvu kuliko hotuba.

Kama umewekwa chini ya ulinzi, kwa makosa ya namna hii unatakiwa ufikishwe mahakamani ndani ya saa 24 au upewe dhamana. Una haki ya kuwajulisha ndugu na wakili.

Sasa jambo ambalo ningependa ulikumbuke hata kama utasahau mengine yote: usiandikishane mpaka kituoni. Desturi ipo, wote tunaijua. Mnaitwa, mnakalishwa, afande anasema "yaishe", inaletwa karatasi: mimi fulani nakubali kurudi nyuma hatua tano, sitamsumbua tena fulani. Umekaa tangu asubuhi, mtoto yuko nyumbani, nje giza linaingia. Unasaini. Karatasi hiyo si hukumu na haimpi mtu ardhi, ila itakufuata barazani kama ushahidi kwamba ulikubali, nawe utatumia miezi kueleza kwamba ulikuwa umechoka. Kuandikishana kuhusu amani, sawa: sitamtukana, sitamtishia, sitagusa mali yake. Kuhusu mita na hatua, sema tu, "Afande, hilo naomba tuliachie baraza."

Hatua ya nne: mpaka wenyewe sasa

Kama kiwanja kimepimwa, kazi ni nyepesi kuliko unavyodhani. Andika barua kwa ofisi ya ardhi ya halmashauri, taja namba ya kiwanja, kitalu na mtaa, uombe ufufuaji wa mipaka. Mpima atakuja na kifaa chake, atasoma viwianishi (namba zinazoonyesha kila kona iko wapi) vilivyo kwenye ramani ya upimaji, na atasimika kijiti pale penye ukweli. Unaweza pia kumtumia mpima binafsi aliyesajiliwa. Malipo ya serikali hupitia namba ya malipo unayopewa na ofisi, si namba ya simu ya mpima. Jirani aarifiwe kwa maandishi na mwenyekiti awepo, la sivyo kesho atasema ulipima usiku. Kama kuna hofu ya fujo, barua moja kwa mkuu wa kituo kuomba askari asimamie amani siku ya kupima ni ombi la haki. Hapo polisi na mpima wanafanya kazi pamoja bila mmoja kuingia kwenye viatu vya mwenzake.

Kiwanja ambacho hakijapimwa hutegemea kumbukumbu za watu, nazo huzeeka na kufa. Tafuta waliokuwa majirani wa pande nne siku ya kununua, wale waliosaini mkataba wa mauziano. Tafuta aliyeuza. Angalia mimea: minyaa, mkonge, michongoma iliyozeeka. Kilimanjaro masale yamesimama mpakani kwa vizazi, na jani la isale ni lilelile ambalo Mchaga hulipeleka kwa aliyemkosea kuomba msamaha. Kwa hiyo anayeng'oa masale ya jirani usiku anajua fika anachokifanya.

Mpime mstari, mkubaliane, na kama mmekubaliana kweli, muandikishane mbele ya mwenyekiti na mashahidi, mkiwa huru na mchana. Hapo ndipo kuandikishana kunapofaa.

Kama kinachowaka moto ni ujenzi unaoendelea mjini, uliza kwanza halmashauri kama kuna kibali cha ujenzi. Ukuta usio na kibali unaweza kusimamishwa na halmashauri kwa kosa hilo tu, na hiyo ni njia ya haraka ambayo watu huiruka.

Hatua ya tano: kata, kisha wilaya

Tangu marekebisho ya mwaka 2021, baraza la kata halitoi tena hukumu ya ardhi. Kazi yake ni kusuluhisha. Bado kuna mitaa ambayo wazee wa kata hukaa kama mahakimu na kutoa karatasi yenye kichwa "hukumu". Usiikimbilie wala usiiogope. Unachohitaji kutoka kata ni suluhu, au hati inayothibitisha kwamba wameshindwa kuwasuluhisha. Bila hati hiyo Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya halitakusikiliza, isipokuwa kata imekaa na shauri siku 30 bila kulisuluhisha, hapo unaruhusiwa kusonga mbele bila hati. Kwa hiyo, siku unayopeleka lalamiko kata, hakikisha nakala yako imegongwa muhuri na tarehe. Siku 30 zinahesabiwa kutoka hapo.

Vijijini kuna pia baraza la ardhi la kijiji, la wajumbe 7, watatu kati yao wanawake. Nalo husuluhisha.

Wilayani ndipo panapotolewa uamuzi. Mwenyekiti wa baraza ni mwanasheria, anakaa na wazee wa baraza. Madai ya kurudishiwa ardhi husikilizwa hapo mradi thamani haizidi shilingi milioni 300. Mambo matatu yatakufaa. Eleza eneo kwa mipaka yake, usiandike tu "kiwanja changu kilichopo Kivule". Kama ujenzi unaendelea, omba zuio la muda chini ya hati ya dharura (ombi la kusikilizwa haraka) pamoja na maombi yako makuu. Na omba baraza litembelee eneo. Kesi ya mpaka inayosikilizwa ndani ya ukumbi tu ni kama kuonja mchuzi kwa macho.

Usilale pia. Muda wa kudai ardhi mahakamani ni miaka 12. Jirani aliyekaa kwenye kipande chako mwaka wa 13 huku ukimwangalia tu ana hoja nzito kuliko unavyopenda. Ukishindwa wilayani, una siku 45 za kukata rufaa Mahakama Kuu.

Kama jirani mwenyewe ni serikali, mathalani shule, barabara, halmashauri au hata serikali ya kijiji, njia ni tofauti: notisi ya siku 90 na kesi Mahakama Kuu. Hapo tafuta wakili mapema. Ukikosa uwezo, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inawatambua wasaidizi wa kisheria, nao wapo katika wilaya nyingi.

Ndugu zetu wa Kenya

Kwenu mlango wa kwanza wa ubishi wa mpaka kwa ardhi iliyosajiliwa ni Msajili wa Ardhi. Sheria ya Usajili wa Ardhi ya mwaka 2012 inaizuia mahakama kusikiliza ubishi huo kabla Msajili hajaamua mstari uko wapi. Polisi, kama huku, hubaki na matendo: vitisho, kipigo, uharibifu, alama zilizong'olewa. Chukua namba ya OB, yaani ya kitabu cha matukio cha kituo.

Uamuzi ukishatoka

Polisi wanarudi sasa, na safari hii wana kazi iliyo wazi. Kama kulikuwa na zuio na jirani anaendelea kujenga, hawezi tena kujificha nyuma ya neno "mgogoro": peleka nakala ya zuio polisi na pia barazani, kwa sababu amri ya baraza inavunjwa. Kama umeshinda na jirani hatoki, usimtoe mwenyewe. Unaomba utekelezaji, baraza linamteua dalali wa kutekeleza amri yake, na mkuu wa polisi wa wilaya anaandikiwa barua ili askari wasimamie amani siku ya kubomoa ukuta au kusimika alama. Askari hawa hawashiki nyundo. Wanasimama.

Na kama mlipatana njiani, wakati ile RB ya panga bado iko wazi, nenda nayo kituoni. Kesi ya jinai ikishafunguliwa inakuwa ya Jamhuri, na barua yako ya "nimemsamehe" haiifuti papo hapo. Kwa makosa madogo kama shambulio la kawaida sheria inaruhusu mahakama kuhimiza mapatano, na mwendesha mashtaka huipa uzito barua ya mlalamikaji. Nendeni wote wawili, wewe na jirani, na mkataba wa mpaka mkononi. Safari hii askari wa zamu atawasikiliza kwa muda mrefu kidogo.